Kitambaa cha Rosaire Cloutier

Ndani ya ghala la Burt Hazelton, juu ya mlango unaotazama kijito, palikuwa na msumari. Kwenye msumari kilining'inia kitambaa, na chini ya kitambaa liliandikwa jina la mume wangu kwa rangi nyeusi: ROSAIRE CLOUTIER, MFUTAJI. Miaka thelathini na mmoja. Panya walikitafuna pembe, buibui wakakifanya nyumba, na jina likabaki pale pale.

Nataka watu wajue Rosaire alikuwa mtu gani, na kitambaa kile kilishukaje. Atakayekasirika na akasirike. Wengi wa kukasirika wameshatangulia makaburini, na yule mmoja aliyebaki ndiye hasa ninayetaka asomewe.

Rosaire alizaliwa kambi ya wakata miti, huku kaskazini kwetu New Hampshire, hatua chache tu kutoka mpaka wa Kanada. Mwezi wa pili, theluji imefika madirishani, mtoto wa saba kwa mama aliyepikia wanaume arobaini. Alikuwa mtu wa maneno machache. Ukimwuliza jambo asubuhi, jibu unalipata mezani mchana. Nilipompenda, kaka zangu walisema, "Delvina, huyo bubu utaongea naye nini?" Nikawaambia nimechoka na wanaume wanaoongea, nyumba yetu imejaa.

Kazi yake ilikuwa kutia miti alama, na tulipooana ikawa kazi yetu sote wawili. Mti wa kukatwa unaupiga buluu. Mwanzo tulitembea na kopo na brashi, tukivuka kila shimo la theluji ili kuugusa mti mmoja. Baadaye kampuni ikaleta bastola za gesi. Unatia gololi moja, ganda lake laini kama la dawa ya hospitali, ndani rangi ya mafuta. Unasimama hatua ishirini, unafyatua, alama imekaa. Mvua ya miaka mitatu haiitoi. Ikikupasukia mkononi, Jumapili unapokea komunyo na vidole vya buluu, na padri haulizi, maana nusu ya kanisa iko hivyo hivyo.

Nilipiga miti kwa bastola ile majira ya baridi kumi na tano. Watu husema mti haukimbii. Kweli, lakini wewe ndiye unayetetemeka, pumzi inakuziba macho, na mti mwembamba nyuma ya mti mnene haukuoneshi zaidi ya kiganja cha gome. Hilo lishikeni, nitalirudia.

Mwaka themanini na mbili Burt akapata habari kuwa watu wa kusini wameanza kupigana kwa bastola zetu za miti, kwa mchezo tu. Kila upande una bendera, anayepasukiwa na gololi amekufa, anainua mkono na kutoka. Burt, mwenye shamba na ghala, akamjia Rosaire.

"Wewe una bastola nne."

"Za miti," Rosaire akasema.

"Jumamosi nitakuwa mti. Nipige."

Rosaire alicheka, na Rosaire kucheka ilikuwa jambo la kuandikwa kwenye kalenda. Jumamosi ile wanaume kumi na wawili waliingia msituni kwa Burt wamevaa miwani ya mafundi seremala na makoti ya kuwindia. Wakatoka kama watoto waliovunja dirisha la mwalimu wakakimbia. Hakuna aliyebishana. Ungebishana nini? Aliyepigwa Jumamosi ulimtambua Jumatano dukani, shingo buluu, sikio buluu. Rangi ile haikuwa na mjomba.

Basi Rosaire akaanza kuzitengeneza bunduki hizo. Ile ya kwanza ukipiga mara moja unavuta chuma kidogo pembeni, unainamisha bunduki ili gololi nyingine iviringike, ndipo upige tena. Rosaire alichukua bomba la shaba, akachonga kishikio kwa mti ule tunaoukamua sharubati mwezi wa tatu, akaweka mkono wa pampu chini ya mtutu. Sukuma, vuta, piga. Gololi kumi kwenye kijibomba juu, kichupa cha gesi kama dole gumba, basi. Watu walikuja na bunduki zao toka mbali hadi chumba chetu cha chini. Alikuwa akiiweka sikioni, anaifyatua tupu, anasikiliza kama daktari na kifua. "Mpira umekauka," anasema. Na kweli umekauka.

"Kwa nini usiwatengenezee za kubeba gololi mia?" niliwahi kumwuliza.

Nikajibiwa kwenye chakula cha jioni: "Mwenye kumi hufikiri kabla ya kupiga. Mwenye mia hupiga, halafu hafikiri."

Sasa nitasema dhambi yangu, maana nikiificha nitakuwa kama wao. Wanawake tulichoka kufua rangi ya mafuta. Tapentaini ilituchubua mikono. Tukalalamika, mimi nikiwa mbele, na hata wenye kiwanda huko mbali wakasikia malalamiko kama yetu toka kila pembe, wakatoa gololi za rangi ya maji. Unaisugua tu imetoka. Tulifurahi mwezi mzima.

Kisha wakazaliwa wafutaji. Mtu anapigwa nyuma ya mti, anatazama kulia, kushoto, anapitisha kiganja, anaendelea. Maiti inatembea. Burt, aliyekuwa refa wetu, akaweka sheria ya ghala: mfutaji akikamatwa, kitambaa kinapigiliwa msumari na jina lake chini. Na kitambaa hakishushwi na mtu yeyote ila yule aliyemshitaki, kwa mkono wake mwenyewe.

Akaja Royce Whitcher. Alikuwa akiuza magari ya theluji kule mjini, meno mengi, sauti ya kufungulia milango. Alileta bunduki yenye chupa kubwa ya gesi nyuma na mtungi wa gololi juu, ikilia tu bila kupumua.

"Mzee Rosaire," akasema siku ya kwanza, "hicho kibomba chako ni cha kupigia nini, mbu?"

"Na wewe nani?" Rosaire akauliza.

"Royce."

"Basi mbu."

Ghala lote lilicheka. Nafikiri ndipo ilipoanzia. Mtu wa meno mengi hapendi kuchekwa.

Oktoba themanini na nane, fainali ya kikombe cha kaskazini. Wamebaki wawili, Rosaire na Royce. Nilikuwa kwenye uzio na sufuria ya maharage ya kuoka, na toka pale naona chini kabisa mpaka kwenye msonobari ulioanguka. Rosaire amelala chini ya ule msonobari, gololi moja imebaki. Royce akampita kama hatua kumi na tano. Nikasikia ule mlio mmoja, pu, na nyuma ya paja la Royce ikatokea njano kubwa kama kiini cha yai. Kwa macho yangu haya. Rosaire akasimama, maana mchezo umekwisha. Alikuwa anafungua miwani yake.

Royce akapitisha mkono wa kushoto nyuma ya paja, mara moja, mara mbili, kama mtu anayepangusa makombo. Akageuka, akampiga Rosaire gololi sita za kifua.

Burt alipofika, Royce msafi. Rosaire, mbali na kifua, alikuwa na mfuto wa njano kwenye kiwiko, kwa sababu alilala palipopasukiwa na gololi za wengine.

"Huyu nilimpiga kiwiko zamani," Royce akasema. "Akafuta. Tazama."

"Yeye ndiye aliyefuta!" nikapiga kelele. "Paja! Shika paja lake, bado bichi!"

Burt akanitazama kwa huruma, na ile huruma sijaisahau. "Mama Cloutier, mke si shahidi."

"Rosaire, sema neno," wakamwambia.

Rosaire alimtazama Royce muda mrefu. Halafu akasema, "Anajua." Basi. Neno hilo moja, hakuongeza la pili, akabeba bunduki yake akaenda kwenye gari. Royce alipanda kwenye kiti, akapigilia kitambaa kwa mkono wake, watu wakapiga makofi.

Mji mdogo hausahau, kwa kuwa hauna kazi nyingine. Dukani walimpa Rosaire kitambaa pamoja na misumari yake: "Chukua, Rosaire, utakihitaji." Kwa kinyozi hivyo hivyo. Kwenye mazishi ya kaka yake, jamani, mtu alimpa kitambaa afute machozi, na mwingine nyuma akaguna kicheko. Bunduki zikaacha kuletwa. Chumba cha chini kikanyamaza. Alikuwa akishuka kule kila siku baada ya kahawa, anasafisha zile zile nne, anapanda.

Na mchezo wenyewe ukamkimbia. Bunduki zikaanza kupiga mfululizo bila mkono wa pampu, kisha zikatiwa betri na kijitaa, zinamwaga gololi kumi na tano kabla hujapiga chafya. Wakauacha msitu, wakahamia uwanjani kwenye majani yaliyofyekwa, wanajificha nyuma ya mito mikubwa ya plastiki iliyojazwa upepo. Nguo zao kama za mbio za pikipiki. Rosaire alienda kutazama mara moja. Njiani kurudi hakusema neno. Kesho yake mchana akasema, "Ni kama kumwagilia bustani."

Alikufa mwaka elfu mbili na kumi na moja, mapafu. Padri alisema alikuwa mtu mwaminifu, na benchi la nyuma nikasikia mtu akikohoa kile kikohozi kisicho cha ugonjwa. Niligeuka. Nilitaka nione ni nani. Nikasema moyoni, haya, tutaonana.

Miaka minane baadaye wifi yangu Ginette, dada yake Rosaire wa mwisho, akaja na karatasi ya tangazo. Mimi maandishi madogo hayapatani nami, kwa hiyo akanisomea jikoni.

"Siku ya Kukumbuka Pampu. Shamba la Hazelton. Wazee wote wa zamani karibuni. Vifaa vya kizamani tu, vya kabla ya mwaka tisini. Mgeni wa heshima, Royce Whitcher, jina lake litachongwa kwenye ubao wa mabingwa."

"Rudia hapo."

"Kwenye Royce?"

"Royce namjua. Rudia kwenye vifaa."

"Vya kizamani tu, vya kabla ya mwaka tisini."

Nikainuka nikakata pai ya nyama, nikampa kipande kikubwa. Ginette akaniangalia. "Wifi, unaponipa kipande kikubwa hivyo kuna mtu atalia."

"Kula."

Wapiga miti wa leo bado wanatumia gololi za mafuta, msitu haukubali rangi ya maji. Nilimwendea binti anayesimamia msitu wa jimbo, nikamwambia nataka sanduku moja, nitie alama miti yangu nyuma ya nyumba. Buluu ile ile. Harufu ile ile! Nilipofungua, Rosaire alikuwa jikoni.

Kwa wiki tano nilitundika sahani ya bati kwenye kamba ya kuanikia nguo. Miaka sabini na sita, goti moja la chuma, lakini mkono haujasahau. Ginette alikuwa akihesabu kwa sauti zinazokosa, ili aniudhi. Wiki ya tano akakosa cha kuhesabu.

Tulifika shambani Jumamosi asubuhi, baridi kavu, donati na kahawa zimepangwa kwenye meza ndefu. Wazee wamevaa makoti yao ya zamani, matumbo hayafungiki. Wanapigana mabega, wanakumbushana vichupa vya gesi na miwani ya seremala, mmoja analia kabisa kwa kushika pampu ya shaba. "Enzi zile!" wanasema. "Enzi zile mtu alikuwa mtu!" Na juu ya mlango wa ghala, msumari, kitambaa, jina. Wanapita chini yake na kahawa zao.

Royce alinipungia kwa mikono miwili. Nywele nyeupe, meno yale yale. "Dada Delvina! Umekuja kutazama?"

"Nimekuja kucheza."

"Wewe?" Akacheka mpaka akashika meza. "Na kibomba cha mbu?"

"Nacho."

Burt, ambaye sasa hutembea kwa fimbo, akasema hakuna sheria inayomkataza mwanamke. Nikamwonesha bunduki ya Rosaire, ya mpini wa mti wa sharubati, nikamwuliza mbele ya watu: "Burt, tangazo linasema vifaa vya kizamani?"

"Ndiyo."

"Kizamani zaidi kinaruhusiwa?"

"Kadiri kilivyo cha zamani ndivyo bora, mama."

"Umesikia, Ginette?"

"Nimesikia," wifi akasema, "na meza nzima imesikia."

Sikukimbia kama wale. Niliingia msituni kwa hatua zangu, nikaenda moja kwa moja kwenye ule msonobari ulioanguka. Umeoza, umeota kuvu, lakini mgongo wake bado upo. Nikaketi nyuma yake, goti nimelinyoosha. Wapiga miti hawana haraka. Nikawasikia wazee wakipigana huko, pu, pu, wakitukanana, wakiomba kupumzika. Nilijua Royce atapita pale. Mtu hurudi mahali alipowahi kushinda.

Akaja, mgongo umeinama, anahema. Mikono mitupu, maana pampu haitaki glavu. Hatua kumi na tano. Nilimwacha apite. Paja lile lile. Nikashusha pumzi kama kwa mti mwembamba nyuma ya mti mnene.

Pu.

Buluu kama mbingu ya Januari.

Sikusimama. Rosaire alisimama, mimi sikusimama. Nilitaka kuona. Angeinua mkono tu, akatoka, kisa changu kingeishia pale, ningerudi nyumbani na hasira yangu. Alikuwa na nafasi. Akatazama kulia. Akatazama kushoto. Mkono wa kushoto ukaenda nyuma, mara moja, mara mbili.

Kisha akautazama mkono.

Akaufuta kwenye majani. Akaufuta kwenye ukoga wa jiwe. Akaupaka mate! Mtu mzima, babu wa watu, analamba kiganja msituni. Halafu akavua koti, akalifunga kiunoni lishuke nyuma, akatia mkono mfukoni, akaondoka kuelekea ghalani. Siku ya nyani kufa, miti yote huteleza.

Nilipofika, alikuwa katikati ya watu, wanampigia makofi, maana amewaambia wote tumekwisha, yeye pekee amebaki. Kwa desturi yetu mshindi huinua mikono yote miwili na kugeuka mbele ya refa. Royce aliinua mmoja.

"Mwingine," Burt akasema.

"Bega, Burt. Bega limekufa."

"Asubuhi lilikuwa hai," nikasema. "Ulinipungia kwa yote mawili."

"Delvina, usianze."

"Na koti? Maji yanaganda ndooni, wewe umelivaa matakoni?"

Mtu mmoja akacheka. Ginette alikuwa nyuma yake tayari na sahani ya maharage imejaa pomoni, ya moto. "Shemeji Royce, mgeni wa heshima, pokea kwanza, naungua!" Akamsukumia kifuani. Mtu akisukumiwa sahani ya moto hafikiri. Mikono yote miwili ikaja.

Kiganja cha buluu, vidole vya buluu, kucha za buluu. Hata kidevu, pale alipojilamba.

Burt akasogea na fimbo yake, akalifungua lile koti mwenyewe, akaliacha lianguke. Paja lote.

"Hiyo si rangi halali!" Royce akapiga kelele. "Hiyo ni ya miti! Amenidanganya!"

"Ya kizamani," Burt akasema polepole. "Alituuliza." Halafu akanigeukia, mzee yule. "Paja lile lile?"

"Lile lile. Bado bichi, Burt. Safari hii lishike."

Hakulishika. Alitazama juu ya mlango.

"Sheria ni sheria, Royce. Aliyekipandisha ndiye akishushe."

Walimletea kiti. Alipanda huku wazee wote wamesimama na donati zao mikononi, wale wale waliopiga makofi mwaka ule, hawajui macho wayaweke wapi. Niliwatazama mmoja mmoja. Sikumsaidia hata mmoja kwa kuangalia pembeni. Royce akakitoa kitambaa, vidole vitano vya buluu vikajichora juu yake vizuri kabisa.

"Sasa sema," nikamwambia.

"Niseme nini?"

"Unajua."

Akanong'ona. Nikamwambia mimi ni kizee, sisikii. Akasema kwa sauti: "Rosaire alinipiga. Mimi ndiye niliyefuta."

"Kirudishe."

"Nini?"

"Kitambaa. Msumari hauwezi kukaa mtupu, utaota kutu. Kirudishe, Burt atabadilisha jina."

Akakirudisha. Burt akakwangua jina la mume wangu kwa kisu mpaka mbao ikawa nyeupe. Waliniuliza kama jina la Rosaire liende kwenye ule ubao wa mabingwa badala ya Royce. Nikakataa. Ubao ni wa watu wanaohitaji ubao.

Nilipokuwa napanda gari la Ginette, Royce akanifuata, peke yake, mkono ameushika mbali na mwili kama si wake.

"Delvina, nasikia harufu. Una tapentaini humo."

"Ninayo."

"Nigawie kidogo tu. Jumamosi ijayo namwoza mjukuu wangu. Mimi ndiye nitakayemshika mkono kuingia naye kanisani. Gauni lake jeupe, Delvina."

Nilimtazama muda mrefu, kama Rosaire alivyomtazama. Nikafungua droo ya gari. Ndani mlikuwa na kitambaa kikavu, kisafi, nilikipiga pasi mwenyewe.

"Chukua, Royce," nikamwambia. "Utakihitaji."

Tapentaini nilirudi nayo nyumbani. Nikashuka chumba cha chini, nikasafishia mtutu wa Rosaire.